Gharama Halisi ya Mkopo wa Nyumba: Usitazame Rejesho la Mwezi Pekee

Katika kila kata ya Halmashauri yetu zipo nyumba ambazo zimesimama kwenye lenta kwa miaka mingi. Mwenye nyumba hununua tofali mwezi huu, nondo baada ya mavuno na mabati mwaka unaofuata, na wakati wote huo familia yake inaendelea kulipa kodi ya pango kwa mtu mwingine. Kwa familia ya namna hiyo, tangazo la benki linalosema kuwa nyumba iliyokamilika inapatikana kwa rejesho la shilingi laki sita na ushee kwa mwezi ni habari ya faraja. Tangazo hilo huenda likawa la kweli kabisa. Hata hivyo, lipo swali moja ambalo halilijibu: hadi siku deni litakapofutwa, familia itakuwa imelipa shilingi ngapi?

Makala haya yanakusudia kumsaidia mkazi kulijibu swali hilo mwenyewe, kwa hesabu, kabla hajatia saini. Nia si kumkataza mtu kukopa, kwani mkopo wa nyumba umewawezesha wananchi wengi kuishi kwao mapema. Nia ni kwamba anayekopa ajue anachokinunua, muda atakaokilipia, na bei yake halisi.

Mkopo wa nyumba ulivyo

Mkopo wa nyumba ni mkopo wa muda mrefu ambao dhamana yake ni nyumba au ardhi yenyewe. Mkopaji anakabidhiwa fedha za kununua, kujenga au kukamilisha nyumba. Mkopeshaji anaandikisha haki yake juu ya hati ya mali hiyo. Deni likimalizika, haki hiyo huondolewa na hati hurejeshwa mikononi mwa mwenyewe. Deni lisipolipwa, mkopeshaji ana haki ya kuiuza nyumba ili arudishe fedha zake.

Huduma hii haikuwapo kwa upana nchini kwa muda mrefu. Baada ya Benki ya Nyumba Tanzania kufungwa mwaka 1995, mwananchi wa kawaida alibaki na njia moja kuu, nayo ni kujenga kwa akiba yake. Hali ilianza kubadilika ilipotungwa Sheria ya Mikopo ya Nyumba ya mwaka 2008, ambayo ilifanya marekebisho katika Sheria ya Ardhi Na. 4 ya mwaka 1999. Mwaka 2010 ikaanzishwa TMRC, kampuni inayozipatia benki fedha za muda mrefu ili nazo ziweze kuwakopesha wananchi kwa miaka mingi. Leo hii mkopaji anaweza kupewa miaka 15, 20 na wakati mwingine hata zaidi. Urefu huo wa muda ni nafuu kwa upande mmoja na ni gharama kwa upande wa pili, kama hesabu ifuatayo inavyoonyesha.

Hesabu ya mfano

Tuwachukulie wanandoa wawili, mume mwalimu na mke mfanyabiashara wa nafaka. Wameona nyumba ya shilingi milioni 60. Wana akiba ya milioni 10, hivyo wanahitaji kukopa milioni 50. Tufanye kuwa riba ni asilimia 15 kwa mwaka, inakokotolewa kila mwezi juu ya salio la deni, na muda wa mkopo ni miaka 20.

Rejesho lao la kila mwezi litakuwa takriban shilingi 658,400. Miaka 20 ina miezi 240. Tukizidisha, jumla ya marejesho inafika shilingi milioni 158. Maana yake ni kwamba wamekopa milioni 50 na watarudisha hizo milioni 50 pamoja na riba ya milioni 108. Wakijumlisha akiba yao ya mwanzo, nyumba iliyotangazwa kwa milioni 60 itakuwa imewagharimu milioni 168, kabla ya kuhesabu ada na bima.

Hakuna udanganyifu katika hesabu hiyo, na benki haikuficha kitu. Riba ya asilimia 15 haitozwi mara moja. Hutozwa kila mwaka juu ya deni lililobaki, na deni la nyumba hubaki kubwa kwa miaka mingi.

Kwa nini salio hushuka polepole

Jambo linalowashangaza wakopaji wengi hutokea pale wanapoomba taarifa ya salio baada ya mwaka mmoja au miwili. Wamelipa bila kukosa mwezi hata mmoja, lakini deni linaonekana kana kwamba halijaguswa.

Sababu yake ni hii. Mwezi wa kwanza wanandoa wetu wanadaiwa milioni 50. Riba ya mwezi mmoja juu ya kiasi hicho ni shilingi 625,000. Wanapolipa 658,400, benki huchukua kwanza riba yake, na kinachobaki cha kupunguza deni la msingi ni takriban shilingi 33,400 tu. Mwezi wa pili deni limepungua kidogo, kwa hiyo riba nayo inapungua kidogo, na sehemu inayoingia kwenye deni la msingi inaongezeka kidogo. Mwendo huo huenda ukiongezeka kasi kadiri miaka inavyosonga, lakini mwanzo wake ni wa taratibu mno.

Mwishoni mwa mwaka wa kwanza watakuwa wamelipa shilingi milioni 7.9, na deni la msingi litakuwa limepungua kwa takriban shilingi 429,000. Baada ya miaka 10 kamili, yaani nusu ya safari, watakuwa wamelipa milioni 79 na bado watadaiwa takriban milioni 40.8. Nusu ya deni la msingi itakuwa imelipwa katika mwaka wa 16.

Ni muhimu kulielewa jambo hili kwa sababu maisha hayasubiri miaka 20. Mtu huhamishwa kikazi, huugua au hupata msiba. Anayelazimika kuiuza nyumba katika mwaka wa tano kwa kudhani kuwa robo ya deni imekwisha atakuta kwamba sehemu kubwa ya bei ya mauzo inakwenda benki.

Muda mrefu hupunguza rejesho na kuongeza gharama

Mkopaji anapoona rejesho ni zito, ushauri wa kwanza anaopewa ni kuongeza muda. Tuangalie mkopo uleule wa milioni 50, kwa riba ileile ya asilimia 15, katika vipindi vinne:

- Miaka 10: rejesho la mwezi shilingi 806,700, jumla shilingi milioni 96.8.
- Miaka 15: rejesho la mwezi shilingi 699,800, jumla shilingi milioni 126.
- Miaka 20: rejesho la mwezi shilingi 658,400, jumla shilingi milioni 158.
- Miaka 25: rejesho la mwezi shilingi 640,400, jumla shilingi milioni 192.1.

Linganisha mistari miwili ya mwisho. Kutoka miaka 20 hadi 25, familia inapata nafuu ya shilingi 18,000 kwa mwezi, lakini mwisho wa yote inalipa milioni 34 zaidi. Sasa linganisha miaka 15 na 20. Familia inayoweza kujibana kwa shilingi 41,400 zaidi kila mwezi inaokoa milioni 32 na kuwa huru miaka mitano mapema.

Hivyo basi, muda unaofaa ni ule mfupi kuliko yote ambao familia inaweza kuumudu bila kulala njaa wala kuwaondoa watoto shuleni. Kujibana kupita kiasi nako ni hatari, kwa kuwa rejesho lisilolipika hugeuka faini. Mtumishi wa umma akumbuke pia kwamba makato yote kwa pamoja hayapaswi kumwachia chini ya theluthi moja ya mshahara wake. Mikopo mingine aliyonayo huhesabiwa humo humo.

Kuna njia ya kati. Mkopaji anaweza kuchukua muda wa miaka 20 ili rejesho la lazima liwe jepesi, kisha akaongeza kiasi kidogo kila anapoweza. Wanandoa wetu wakiongeza shilingi 50,000 kila mwezi, na benki ikaielekeza nyongeza hiyo kwenye deni la msingi, mkopo utakwisha katika kipindi cha takriban miaka 14 na miezi mitano, na watakuwa wameokoa karibu shilingi milioni 36. Haba na haba hujaza kibaba. Sharti lake ni kuuliza mapema iwapo mkataba unaruhusu malipo ya ziada, na kama yana ada.

Jinsi riba inavyokokotolewa

Wakopeshaji wawili wanaweza kutaja asilimia 15 na wakamaanisha mambo mawili tofauti. Wa kwanza anaikokotoa juu ya salio linalopungua, kama tulivyofanya hapo juu. Wa pili anaikokotoa juu ya mkopo wote wa awali kwa miaka yote, hata pale ambapo nusu ya deni imekwisha kulipwa. Kwa namna hii ya pili, riba ya milioni 50 kwa miaka 20 inafika milioni 150. Jumla ya deni inakuwa milioni 200 na rejesho la mwezi shilingi 833,300. Asilimia iliyotajwa ni ileile, lakini tofauti yake ni milioni 42.

Uliza pia kama riba ni ya kudumu au inaweza kubadilika. Riba ya mkopo wetu wa mfano ingekuwa asilimia 18 badala ya 15, rejesho lingepanda hadi shilingi 771,700 na jumla ingefika milioni 185.2. Mkataba unaoruhusu riba kubadilika unamtaka mkopaji awe na nafasi katika bajeti yake ya kubeba ongezeko la namna hiyo.

Kwa wakazi wanaotumia benki zinazofuata misingi ya Kiislamu, utaratibu ni tofauti: benki hununua nyumba na kumuuzia mteja kwa bei yenye faida iliyokubaliwa, au huimiliki pamoja naye hadi atakapomaliza. Hata hapo swali la msingi ni lilelile: jumla nitakayolipa ni shilingi ngapi, na nikimaliza mapema itakuwaje?

Gharama zilizo nje ya riba

Kabla ya kukabidhiwa funguo, mkopaji hukutana na malipo kadhaa ambayo hayamo katika rejesho la mwezi. Yapo malipo ya mthamini wa mali, ada ya benki ya kushughulikia mkopo, gharama za wakili, ushuru wa stempu, na ada za kuhamisha umiliki na kusajili rehani. Baadhi ya benki hukata ada zake humo humo kwenye mkopo, kiasi kwamba aliyekopa milioni 50 hupokea pungufu, ilhali riba anailipa juu ya milioni 50 kamili.

Baada ya hapo zipo gharama za kila mwaka. Bima ya nyumba dhidi ya moto na majanga, pamoja na bima ya maisha ya mkopaji, kwa kawaida ni masharti ya mkopo. Bima ya maisha ina faida kubwa kwa familia, kwani mkopaji akifariki deni hulipwa na kampuni ya bima kulingana na masharti yake. Kwa hiyo soma masharti hayo na uwaeleze wenzako nyumbani. Kodi ya pango la ardhi hulipwa kila mwaka. Kodi ya majengo, tangu mwaka 2021, hukatwa kidogo kidogo mteja anaponunua umeme wa LUKU. Na nyumba yenyewe huhitaji matengenezo: paa huvuja, rangi huchakaa, shimo la maji taka hujaa. Mpangaji humwita mwenye nyumba, lakini wewe mwenye nyumba utajitegemea.

Je, ni afadhali kupanga au kujenga taratibu?

Hesabu ya milioni 158 inaweza kumfanya msomaji aone kuwa mkopo haufai. Si lazima iwe hivyo. Kwanza, shilingi ya miaka 20 ijayo haitakuwa na nguvu ya shilingi ya leo, kwa sababu bei hupanda. Rejesho lisilobadilika huwa jepesi kadiri kipato kinavyokua. Pili, anayekopa anaishi katika nyumba hiyo tangu siku ya kwanza na haongezewi kodi na mtu.

Tuseme wanandoa wetu wangepanga nyumba kwa shilingi 250,000 kwa mwezi. Tofauti kati ya kodi hiyo na rejesho la mkopo ni takriban shilingi 408,000. Kama tayari wana kiwanja kilichopimwa na wana nidhamu ya kuweka tofauti hiyo kwenye ujenzi kila mwezi, wataweka karibu milioni 4.9 kwa mwaka, na katika miaka 10 watakuwa wametumia milioni 49 kujenga na milioni 30 kulipa kodi. Jumla yake ni karibu nusu ya gharama ya mkopo. Kwa upande mwingine, bei za saruji na nondo hazitawasubiri, kodi ya pango haitabaki palepale, na si kila familia inaweza kutunza laki nne kila mwezi kwa miaka 10 bila kuzigusa.

Kwa hiyo jibu hutegemea hali ya kila familia. Wapo watakaofaidika kwa kukopa fedha zote, wapo watakaofaidika kwa kujenga hadi kwenye paa na kukopa kiasi kidogo cha kumalizia, na wapo ambao bado wakati wao haujafika. Kila mmoja apige hesabu yake.

Sheria inavyomlinda mkopaji

Wahenga walisema kukopa harusi, kulipa matanga. Sheria imeweka kinga kadhaa ili matanga hayo yasifike, na kila mkopaji anapaswa kuzifahamu.

Nyumba ya familia haiwezi kuwekwa rehani kwa siri. Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971 na Sheria ya Ardhi zinataka ridhaa ya mwenzi wa ndoa. Mke au mume anayeletewa karatasi asaini ana haki ya kuisoma, kuuliza na kukataa. Saini hiyo inaiweka rehani paa la watoto, na haipaswi kutolewa kwa haraka.

Mkopaji anaposhindwa kulipa, mkopeshaji anatakiwa kumpa notisi ya maandishi inayoeleza kiasi anachodaiwa na kumpa siku 60 za kurekebisha hali hiyo kabla haki ya kuuza haijatumika. Mnada wa hadhara wa ardhi nao unatanguliwa na tangazo la siku zisizopungua 14, na anayeuza ana wajibu wa kutafuta bei nzuri inayoweza kupatikana kwa wakati huo.

Siku 60 ni chache. Anayeona biashara inayumba au mshahara umesimama aende benki kabla ya kukosa rejesho la kwanza, akiwa na barua na maelezo ya kipato chake, aombe mpango mpya wa malipo. Kunyamaza kuna gharama: wanandoa wetu wakisimama kulipa kwa miezi mitatu ya mwanzo, na riba isiyolipwa ikaongezwa kwenye deni, salio litafika karibu milioni 51.9 kabla hata ya faini.

Maswali ya kuuliza kabla ya kusaini

Kanuni za Benki Kuu za Kumlinda Mtumiaji wa Huduma za Fedha za mwaka 2019 zinamtaka mtoa huduma aeleze masharti na gharama zake kwa uwazi. Nenda na daftari, na uombe majibu kwa maandishi:

1. Jumla ya fedha nitakazolipa hadi deni liishe ni kiasi gani, ada na bima zikiwemo?
2. Riba inakokotolewa juu ya salio au juu ya mkopo wote wa awali?
3. Riba inaweza kubadilika? Nitapewa taarifa kwa namna gani?
4. Nitapokea mkononi kiasi gani baada ya makato yote?
5. Salio langu litakuwa kiasi gani baada ya miaka 5 na miaka 10? Naomba jedwali la marejesho.
6. Nikilipa zaidi au nikimaliza mapema, kuna ada?
7. Nikichelewa, faini ni kiasi gani na inahesabiwaje?

Mkopaji asiyeridhishwa na majibu hayo bado hajafungwa na chochote. Arudi nyumbani, alale juu ya jambo hilo, azungumze na mwenzake, kisha atembelee mkopeshaji mwingine.

Mahali pa kupata msaada

Kabla ya kununua kiwanja au nyumba, fika katika Idara ya Ardhi ya Halmashauri ukiwa na nakala ya hati, ili upate maelekezo ya kuhakiki jina la mmiliki, mipaka, miaka iliyobaki katika hati na kama mali hiyo tayari ina rehani nyingine. Kwa asiyejua pa kuanzia, ofisi ya Mtendaji wa Kata itamwelekeza. Malalamiko dhidi ya benki yawasilishwe kwanza katika benki husika kwa maandishi. Yasipotatuliwa, yanaweza kupelekwa Benki Kuu ya Tanzania. Wananchi wasio na uwezo wa kumlipa wakili wanaweza kuomba huduma chini ya Sheria ya Msaada wa Kisheria ya mwaka 2017, na Mtendaji wa Kata anaweza kuwaelekeza kwa wasaidizi wa kisheria walio karibu.

Mali bila daftari huisha bila habari. Kabla ya kulitazama rejesho la mwezi, chukua kalamu, ulizidishe kwa idadi ya miezi yote, uandike jumla yake chini ya jina la familia yako. Ukiitazama jumla hiyo na bado ukaridhika, basi kopa ukiwa na moyo mtulivu.